Mungu namwona mlimani kuliko kanisani. Nimepotea?

Mpagazi wa Kilembe:

Habari zenu wote. Kioo cha simu yangu kimepasuka upande wa kulia, herufi zikiruka mnivumilie.

Mimi ni mpagazi wa mlima Rwenzori, upande wa Kilembe hapa Kasese, magharibi mwa Uganda. Nabeba mizigo ya wageni: chakula, mkaa, sufuria, mabegi yao, na safari moja nilibeba kiti cha kukunja cha mzungu ambaye hakutaka kukalia jiwe. Kazi hii niliianza 2009, njia ya Kilembe ilipofunguliwa. Kabla ya hapo nilikuwa nafyatua matofali. Marehemu baba alichimba shaba hapa mpaka mgodi ulipofungwa 1982, na Kiswahili hiki ni urithi wake, kwa sababu mgodini walijaa watu wa kila kabila, na mwamba ukianza kulia juu ya vichwa vyenu hakuna anayengoja mkalimani.

Nieleze shida yangu. Nimeokoka tangu 2011. Kwaya naimba, besi. Zaka natoa nikipata. Kanisa letu ni la mabati, lina spika nne kubwa na kinanda, na Jumapili ukipita barabarani utadhani kuna harusi. Wenzangu wanalia, wanaanguka, wananena kwa lugha. Mimi nasimama pale nawaza ada ya watoto. Si kwamba siamini. Naamini. Ila ni kama kumpigia simu mtu ambaye unajua yuko nyumbani, simu inaita, hapokei.

Mlimani ni habari nyingine. Nitawapa mfano mmoja ili msidhani naongelea mandhari. Mandhari ni ya wageni. Sisi wapagazi tunatembea tukiangalia matope na miguu yetu. Ukinyanyua kichwa kutazama mandhari na kilo ishirini ziko mgongoni, utaitazama ukiwa umelala kifudifudi.

Kuna kambi inaitwa Bugata, mita 4,062. Usiku maji yanaganda. Kule kunaota lobelia, mmea ambao kabla haujachanua unafanana na kabichi kubwa yenye majani yaliyochongoka, na katikati ya majani hayo unatunza maji. Jioni baridi ikianza, majani yanajikunja kufunika moyo wa mmea, kama mama anavyovuta kanga juu ya mtoto mgongoni. Alfajiri moja, mwezi wa saba 2017, nilitoka kabla ya wengine kwenda kuteka maji ya chai. Nikachuchumaa penye lobelia moja. Juu ya maji yake palikuwa na barafu nyembamba kama kioo cha saa ya mkono. Nikaigusa kwa ukucha, ikapasuka. Chini yake maji hayakuwa yameganda, na ndani ya yale maji mlikuwa na kidudu, chembamba kama uzi wa kushonea, kinajipinda. Kizima. Usiku ule mimi nililala na soksi tatu na bado meno yaligongana mpaka mwenzangu akalalamika, na kumbe kile kidudu kilikuwa kimefunikwa majani, kikafunikwa na kioo, kimelala salama.

Nilibaki nimechuchumaa mpaka magoti yakafa ganzi. Sikuomba. Sikusema kitu. Nilichojua ni kwamba hapa kuna Mtu, na kazi hii anaifanya kila usiku bila kutazamwa wala kupigiwa makofi. Nilijisikia kama nimeingia jikoni kwa mwenye nyumba bila kubisha hodi.

Mwezi wa pili mwaka huu nikasimama kanisani kutoa ushuhuda huo. Hata sikufika kwenye kidudu. Mchungaji alichukua kipaza sauti akasema, kwa upole, kwa kweli alikuwa mpole, kwamba hiyo ni roho ya Kitasamba inanitafuta kupitia damu ya mababu, nije Ijumaa kwa maombi ya kufunguliwa.

Kwa wasiotoka huku: Wakonzo wa zamani walijua mlima una mwenyewe, anaitwa Kitasamba, na makao yake ni kwenye theluji. Theluji yenyewe ni Nzururu, baba yao Kitasamba na Nyabibuya, na uhai wa watu na uzao wao uko mikononi mwao. Marehemu babu hakuwahi kukinyooshea kilele kidole. Alikuwa anakionyesha kwa kidevu.

Ijumaa nilikwenda. Niliombewa saa mbili nzima. Kilichonitoka ni jasho tu.

Hilo ni swali la kwanza, nimepotea au la. La pili ni zito zaidi na sijamwambia hata mke wangu. Tarehe 7 mwezi wa tano 2020, usiku, mto Nyamwamba ulishuka. Wageni hawakuwepo kwa sababu ya korona, kwa hiyo nilikuwa nyumbani. Watu wanasema mafuriko, lakini mimi sikusikia maji. Nilisikia mawe, mengine makubwa kama gari, yanagongana gizani mpaka yanatoa cheche, na harufu kama mtu amewasha kiberiti kikubwa. Tulikimbilia juu, mimi nimembeba mtoto mdogo, mke kabeba godoro, sijui kwa nini godoro. Asubuhi nyumba haikuwepo. Hiyo nimeshaililia, yakaisha. Lakini kaburi la mama nalo lilikwenda. Halikufukiwa, maana lingefukiwa ningejua liko chini ya mawe gani. Ile ardhi aliyolala haipo tena. Pale ni mto.

Na maji yale yalitoka kule kule juu ninakochuchumaa. Sasa yule wa kidudu na yule wa usiku ule ni mmoja? Nisaidieni, ila msinitumie mistari mitupu. Mistari ninayo.


Mjumbe wa Bwera:

Ndugu, umekataa mistari kwa sababu unajua itasema nini. Warumi sura ya kwanza, mstari wa 25: waliabudu kiumbe badala ya Muumba. Leo ni mmea, kesho utapeleka kuku. Mimi nimekulia Bwera, mlima nauona kila nikifungua dirisha, na hao kuku waliopelekwa juu nimewaona kwa macho yangu. Mchungaji wako amekupenda. Pole sana kwa kaburi la mama.


Mzee wa Mizinga, Bombo:

Asalaam alaykum, na habari kwa wasio Waislamu. Mwanangu mpagazi, mimi ni Mnubi wa Bombo, askari mstaafu, nina mizinga kumi na minne nyuma ya nyumba na miaka inayokaribia sabini. Nitasema kwa dini yangu, wewe chukua kinachokufaa.

Kwetu neno aya lina maana mbili. Aya ni fungu la Kurani, na aya ni ishara. Neno ni lile lile. Mvua ni aya, usiku kufuatana na mchana ni aya, nyuki ni aya. Kwa hiyo aliyekaa msikitini na msahafu na aliyechuchumaa penye mmea wako, wote wanasoma, kila mmoja na ukurasa wake. Shida inaingia pale msomaji anapoanza kuibusu karatasi akasahau barua imetoka kwa nani. Hapo huyo ndugu wa Bwera ana haki. Lakini kwa ulivyosimulia, wewe uliona kidudu, mawazo yakaenda kwa mwenye blanketi. Kwa lobelia hayakwenda.

Kuna sura nzima inaitwa ya Nyuki, ni ya 16. Humo Mwenyezi Mungu anasema alimfunulia nyuki ajifanyie nyumba milimani, na mitini, na katika yale wanayojenga watu. Niliihifadhi madrasa nikiwa mtoto, naighani kama kasuku, fimbo ya maalimu iko karibu. Nimeielewa baada ya kustaafu. Jua likishazama naweka sikio kwenye mzinga. Utasikia mvumo. Si ule wa hasira, huo naujua na mgongo wangu unaujua. Huu ni mvumo wa kazi: wanapepea mabawa usiku kucha kukausha maji yaliyomo kwenye asali changa. Na ukisogeza shavu kwenye mlango wa mzinga kuna upepo mdogo unatoka, vuguvugu, na mibuni ya majirani ikiwa imechanua upepo ule unanukia mpaka unatamani kulia. Mimi nimepigana vita, mwanangu. Mengine siyasimulii hata kwa wanangu. Upepo ule unanipiga shavuni na hauniulizi kitu. Siku nyingine nachelewa sala ya isha kwa sababu yake, na imamu ananitazama.

Kuhusu usiku wa mto sina jawabu la kukutosha, nina kisa. Musa alimwomba Mola amwone. Akaambiwa hutaniona, lakini utazame mlima. Ukibaki mahali pake, hapo utaniona. Mola alipojidhihirisha kwa ule mlima ukawa vumbi, na Musa akaanguka akazimia. Ni sura ya 7, aya ya 143. Nyinyi watu wa milima mliangalie hilo. Kwetu sisi mlima ni mkubwa, lakini wenyewe haukuweza kumhimili. Wako ulipomeguka usiku ule, alimeguka mtumwa, si bwana.

Mungu amrehemu mama yako popote mto ulipomlaza.


Mwaka wa Tatu:

Bila kuvunja heshima ya wazee. Nasomea udaktari Mbarara. Kwenye mita 4,000 oksijeni unayoipata kila ukivuta pumzi ni kama asilimia 60 ya ile ya usawa wa bahari. Ongeza baridi, uchovu na usingizi wa mang'amung'amu. Ubongo wa namna hiyo utaona Mungu, utaona babu, utaona chochote. Kunywa maji mengi, na kichwa kikiuma sana ushuke. Na habari ya lobelia ni fizikia tu. Barafu ni nyepesi kuliko maji, inaelea juu na kuzuia baridi isifike chini. Samaki katika maziwa ya nchi za baridi wanapona vivyo hivyo.


Mpagazi wa Kilembe:

Mzee wa Mizinga, shikamoo. Nimemsomea mke wangu maneno yako, nikaruka pale pa kaburi. Akaniuliza asali unauza kilo kiasi gani.

Daktari mtarajiwa, asante. Ila huo ugonjwa wa mlima naujua, nimeushusha mgongoni kwangu, maana mgeni akishindwa kutembea sisi ndio tunaombeba. Mimi mwenyewe umenishika mara tatu. Siku hizo sikumwona Mungu. Niliona ndoo. Na Bugata nimelala usiku mwingi kuliko ninavyolala kwa mashemeji, mwili umeshazoea.

Fizikia yako imenifurahisha kweli, sikuijua. Nilimweleza mke wangu wakati anapepeta maharage, akauliza ni nani aliyeiambia barafu iwe nyepesi. Mimi sina jibu. Nakutumia swali wewe, ndiye unayesoma.


Mama Samaki wa Jinja:

Mjumbe wa Bwera, katika sura hiyo hiyo panda juu mistari mitano tu, mstari wa 20, uone Paulo anasema nini kuhusu vitu vilivyoumbwa. Halafu urudi tuongee.

Mpagazi, mimi ni Msoga, Mkatoliki, mke wa polisi, Kiswahili nimekipatia kambini. Nauza samaki hapa Jinja. Nilizaliwa karibu na maporomoko ya Bujagali. Wazee wetu walisema maporomoko yale yana mwenyewe, na walikuwa na njia zao za kuongea naye. Sisi watoto tulichojua ni sauti. Hakuna aliyelala kimya hata usiku mmoja. Ukigombana na mtu nyumbani unakwenda pale unapiga kelele zako zote, maji yanazimeza, unarudi umepoa. Mama yangu alifanya hivyo tukiwa wadogo, rozari iko mkononi. Sijui alikuwa anamlilia nani na sidhani yeye mwenyewe alijua. Vijana wa kwetu walikuwa wanajirusha humo wamekumbatia jerikeni tupu na wageni wanalipa kuwatazama. Nilikuwa na mjomba wa kazi hiyo. Alikufa kwa malaria.

Likaja bwawa la umeme, megawati 250. Kabla ya maji kupandishwa zilifanywa sherehe za kumhamisha roho wa pale, na watu wakabishana kama anahamishika na kama amekubali. Nilicheka sana wakati ule. Roho ahame na mizigo yake kama mpangaji aliyeshindwa kodi? Kisha maji yakapanda, maporomoko yakazama, na 2012 bwawa likazinduliwa. Usiku wa kwanza nilipolala kwa mama baada ya hapo sikuweza kufumba macho. Kimya. Unasikia mbwa wa ng'ambo ya mto. Unasikia mtu anakohoa nyumba ya tatu. Nikamkuta mama amekaa kitandani gizani. Akasema, "Sasa tukilia tutasikika."

Mpaka leo sijui kama alikuwa anashukuru au analalamika, na sasa hayupo wa kuulizwa.

Kwa hiyo nyinyi mnabishana kama Mungu yuko mahali fulani au hayuko. Mimi nauliza, mahali penyewe pakiondoka? Nasikia na hiyo theluji yenu inakwisha.


Mjumbe wa Bwera:

Mstari wa 20 naujua, mama. Unasema uweza wake unaonekana. Haukusema tukapige kambi hapo. Lakini sawa, nimepanda nimesoma.


Dada wa Kyaka:

Kiswahili changu ni cha Goma, musinicheke. Niko Kyaka II, kambi ya wakimbizi hapa Uganda, mwaka wa pili sasa.

Ndugu mpagazi, mimi nilizaliwa chini ya Nyiragongo, mlima wa moto wa kwetu Goma. Usiku mlima ule uko na wekundu juu yake, na siye watoto tulizania kila mji uko na taa yake ya mbinguni. Mwezi wa kwanza 2002 moto ulishuka, ukapita katikati ya mji mpaka ukaingia ziwani. Nilikuwa mutoto, nilipoteza viatu vya shule tu. Mwaka 2021, mwezi wa tano, ukashuka tena, Jumamosi magaribi, nikakimbia na mimba ya miezi saba, ndizi za kukaanga niliziacha kwenye moto. Moto juu ya moto.

Kwetu Goma watu wanajengea mawe ya moto ule ule. Ukuta wa jikoni yangu ulikuwa lava ya 2002, nyeusi, iko na vitundu vitundu kama mkate. Mchana ninauegemea na mutoto ananyonya, jiwe liko baridi, linanipoza mugongo. Hakuna aliyeniuliza kama jiwe lile ni zuri ao baya. Ni ukuta.

Kilichonitoa kwetu si mlima. Ni watu na bunduki zao. Mlima umenishukia mara mbili na sikuona lava hata siku moja ikisimama njiani kuuliza mutu kabila yake. Kwa hiyo ile swali yako, kama ni Mungu mmoja ao wawili, mimi siijui. Ninachojua, ule moto haukunichukia. Kwa mutu ambaye amekwisha kuchukiwa, hiyo ni kitu.

Hapa nilipewa kipande cha shamba, nimepanda mahindi na maharage. Mvua ya kwanza ikinyesha usiku silali. Nakaa mlangoni nanusa udongo. Mama mkwe ananiuliza nangoja nani.


Mwaka wa Tatu:

Dada, hii nimeisoma mara mbili. Sina la fizikia.


Mpagazi wa Kilembe:

Nimechelewa kujibu, nilikuwa juu siku nane na simu kule ni tochi tu.

Mama wa Jinja, umesikia kweli. Safari hii tulikuwa na mgeni Mwitalia, mwalimu mstaafu, amekuja na picha za 1906 alizochapisha kwenye karatasi ngumu. Zilipigwa na Vittorio Sella, aliyekuja na Mwanamfalme wa Abruzzi, wale waliofika kileleni Margherita mwaka huo. Mlima ni huo huo, mita 5,109, haujapungua. Lakini tuliposhika ile picha mbele ya macho na kuilinganisha, ni kama kumtazama mtu uliyemjua mnene, sasa amekonda mpaka mbavu. Kwenye picha barafu inateremka mabondeni kama uji uliofurika chunguni. Mbele yetu ni mwamba, umelambwa ukawa laini, una rangi ya kijivu. Zaidi ya asilimia 80 ya barafu ya wakati ule haipo. Kuna mahali waongozaji wanapandisha wageni kwa ngazi, na miaka niliyoanza kazi walikuwa wanatembea juu ya barafu tu. Baba yake Kitasamba anatoka jasho. Babu angekuwepo sijui angekionyesha nini kwa kile kidevu chake.

Mwalimu yule alilia. Nami nikaanza kulia kidogo kwa kumsindikiza, maana si vizuri mgeni alie peke yake, halafu nikajikuta nalia kweli. Wenzangu wakajifanya wanafunga mizigo.

Tuliposhuka Bugata nilikwenda pembeni. Zile lobelia nilizipita. Kuna mmea mwingine kule, senesio, mrefu kama mti wa mpapai, majani yake yakikauka hayadondoki, yanabaki yamelizunguka shina kama koti kuukuu. Ukipenyeza mkono ndani ya lile koti utakuta pakavu hata kama mvua imenyesha wiki nzima. Nikauacha mkono humo. Nikafikiria maneno yako, dada wa Kyaka. Mto haukumchukia mama. Haukumjua. Ulikuwa unapita, na yeye alikuwa njiani. Miaka yote hii nilikuwa nasubiri mtu aniombe radhi, na sikujua kwamba ndicho ninachosubiri. Mkono ulipopata joto nikarudi kupika posho.

Kama ni mmoja au wawili bado sijui, mzee wangu wa Bombo. Lakini asali nataka. Nitamtuma kijana anayeendesha basi.

Sasa sikilizeni kituko. Jumapili baada ya ibada mchungaji amenifuata mpaka chini ya mwembe. Nikajua naitiwa Ijumaa nyingine. Akatazama huku na huku, akauliza, "Kile kidudu, kilikuwa na miguu?"

Mimi habari za kidudu sikuwahi kumwambia, alininyang'anya kipaza sauti kabla. Mke wangu huyo. Nikamjibu sikuona miguu, kilikuwa kinajipinda. Akanyamaza muda mrefu, anachokoa gamba la mwembe kwa ufunguo. Amezaliwa hapa hapa Kilembe, ana miaka hamsini na mbili, na mlimani hajawahi kufika hata kambi ya kwanza. Anasema mama yake alimkataza. Sasa anataka nimpeleke mwezi wa saba, kukiwa kukavu, mpaka Bugata. Ila iwe siri, tuseme anakwenda kuombea nchi.

Koti nitamwazimia, soksi mke wake anafuma. Kilichobaki ni gambuti. Mguu wake ni namba 45 na maduka ya Kasese niliyozunguka yanaishia 43. Kuna mwenye nazo?


Mjumbe wa Bwera:

Ninazo 46, za shamba la kahawa. Avae soksi mbili. Na zikirudi ziwe zimeoshwa.